Nilivyomvisha Madam Zisia

Wenzangu mliobaki chumba cha nguo, mlinisindikiza hadi uwanja wa ndege Riyadh mkinisihi niandike chochote ninachokumbuka. Sasa nimefika nyumbani Kakamega, nimelala vya kutosha, na mikono haijazoea kukaa bure. Nitaandika kuhusu kazi tu. Mambo ya vyeo sitayagusa, maana chumba chetu kilikuwa na kiti kimoja na hakuna aliyekikalia.

Wengi wenu mnajua kwamba nilianza kama nyinyi, kazi za nyumbani. Madam wangu wa kwanza aliniona nikirekebisha abaya za binti zake, na siku moja akaniambia, "Tabitha, wewe unapoteza muda na ufagio." Alikubali nihamishiwe kwa kafili mwingine, yaani mwajiri mdhamini, mwenye karakana ya ushonaji mtaa wa Batha. Nilishukuru, lakini niliogopa. Nyumbani nilijua kila sahani. Batha nilikuwa naenda kwa mafundi wenye cherehani za umeme, mimi niliyejifunza kwa cherehani ya miguu ya shangazi.

Fundi mkuu alikuwa Mpakistani mzee, Masta Anwar. Wiki ya kwanza hakunipa kitambaa. Alinipa mashati yaliyokwisha chakaa akaniambia niyafumue yote, mshono kwa mshono, bila kukata uzi ovyo. Nilidhani ananidharau. Baadaye nikaelewa kwamba anayejua kufumua haogopi kukosea. Alinifundisha kuacha kitambaa cha kutosha ndani ya mshono, kwa sababu mwili wa mtu hubadilika na gauni halijui. Alinifundisha pia kwamba vipimo vya mteja havitoki nje ya duka. Mama mmoja alipouliza unene wa kiuno cha wifi yake, Masta Anwar alijifanya hajui Kiarabu, lugha aliyokuwa ameizungumza siku nzima.

Kisha majumba ya maonyesho yakaanza kufunguliwa Riyadh, wakahitajika watu wa mavazi, na Masta Anwar ndiye aliyenipeleka. Siku ya kwanza nyuma ya jukwaa nilitetemeka hata nikashindwa kutunga uzi. Kulikuwa na giza, watu wanakimbia wakiwa na vifaa masikioni, na mimi natakiwa kumvua mtu gauni na kumvika jingine kabla muziki haujageuka. Tangu siku ile sikuingia kazini bila sindano zilizokwisha tungwa uzi, mweusi, mweupe na wa rangi ya ngozi, zimechomekwa kifuani mwa aproni. Fanyeni hivyo. Mkono unaotetemeka unaweza kushona. Hauwezi kutunga uzi.

Nilivisha watu wengi, ila mnayetaka kusikia habari zake ni mmoja. Jina lake kamili lilikuwa na herufi zilizobanana kama abiria mlangoni. Yeye mwenyewe alituonea huruma, akasema tumwite Zisia, kama alivyoitwa utotoni. Alikuwa mwimbaji wa opera kutoka Poland, mwanamke aliyevuka makamo, mabega mapana, nywele za fedha. Aliletwa kuimba sehemu ya mama wa mfalme katika opera iliyotungwa kwa Kiarabu. Maneno alikuwa ameyakariri yote, na vijana wa kwaya walisema matamshi yake yalikuwa safi kuliko ya baadhi yao.

Siku ya kupima alinitazama kwa makini kuliko nilivyomtazama.

"Una mikono baridi," alisema.

"Samahani, Madam. Nikiogopa huwa baridi."

"Vizuri. Mimi nikiogopa huwa na njaa. Tafuta ndizi."

Tangu hapo ndizi ilikuwa kifaa cha kazi, pamoja na pasi na brashi.

Gauni lake la jukwaani lilikuwa la mahameli nyekundu iliyokoza, na ndani yake kulikuwa na koseti, lile vazi gumu la kubana kiwiliwili linalofungwa kwa kamba mgongoni. Mwimbaji hafungwi kama bibi harusi. Unamwambia avute pumzi yote, unafunga akiwa amejaa, halafu unaweka viganja mbavuni uhakikishe zinafunguka kama mlango wa kukunja. Kila siku nilimfunga hivyo, na kila siku nilijua kwa viganja amelala vipi, amegombana na nani kwa simu, na kama ataimba vizuri.

Wakati wa kufunga ndipo alipozungumza. Alizaliwa mji wa machimbo ya makaa ya mawe. Baba yake alichimba, na alitaka bintiye awe karani wa ofisi ya mgodi, kwa sababu karani huketi na havuti vumbi. Yeye akaenda kuimba kanisani, na mwalimu mmoja wa kinanda akamsikia. Alikaa miaka katika kwaya ya opera, mstari wa nyuma, akijua sehemu za waimbaji wote wa mbele, mpaka siku mmoja wao alipougua na hakuna mwingine aliyeyajua maneno. "Nilivaa gauni lake likiwa bado na joto la pasi," aliniambia. "Sikumbuki nilivyoimba. Nakumbuka kulabu moja mgongoni ilikuwa imefunguka na sikuwa na mtu wa kuifunga."

Sauti yake ilikuwa ngazi moja chini ya zile za juu kabisa za wanawake. Alisema wenye sauti hiyo hupewa kuwa mama, mchawi au yaya, na kwamba yeye alikwisha kuwa wote, mara nyingine katika wiki moja.

Mumewe alipofariki, sauti ilikatika. Haikuwa ugonjwa. Alifungua mdomo, haikuja. Wakati huo mwongozaji wa filamu akamwomba aigize mjane wa mchimbaji, mwanamke asiyezungumza karibu filamu nzima. Alikubali kwa sababu hakuwa na kingine cha kufanya, kumbe kamera ilimpenda. Baadaye akawa hakimu katika tamthilia ya televisheni, na kwao watu walianza kumsimamisha kwenye tramu wamuulize kesi za mipaka ya mashamba. "Niliimba miaka yote ile hakuna aliyenitambua sokoni," alisema. "Nikavaa joho la hakimu miezi michache, muuza viazi akataka ushauri." Sauti ilirudi taratibu, na tangu hapo alifanya kazi zote mbili.

Kuna jambo alilonifundisha ambalo Masta Anwar hakulijua. Kwao, nguo za jukwaani zisizofulika hunyunyiziwa vodka ndani ya makwapa ili harufu iishe. Aliniuliza kwa sauti ya kawaida kabisa mbele ya wasimamizi wote kama tunayo chupa. Nikasema, "Madam, hapa mafi, hakuna. Pombe ni marufuku." Tukatumia siki nyeupe iliyozimuliwa kwa maji. Inafanya kazi, ila kwa nusu saa ya kwanza mama wa mfalme hunukia kachumbari.

Maonyesho ya kwanza yalikwenda vizuri. Kisha kukawa na mapumziko kabla ya maonyesho ya kufunga, na katikati yake Madam Zisia alikuwa na kazi Jeddah, tamthilia ya televisheni kuhusu muuguzi wa Kipolandi aliyeishi na familia moja ya mji wa kale. Akanitaka niende naye. Njiani akaniambia jambo ambalo hakuwa amelitangaza. Maonyesho yale ya kufunga Riyadh ndiyo yangekuwa ya mwisho maishani mwake. Binti yake, Ewa, angekuja kutoka Poland kumsikiliza. "Baada ya hapo nitafundisha, nitanenepa," alisema. "Lakini nataka nitoke nimesimama."

Jeddah tulipangiwa vyumba mtaa wa Al-Baghdadiyah, mimi na wasichana wa mapambo chumba kimoja, yeye ghorofa ya juu. Dereva wetu, Wycliffe, kijana wa Bungoma, alipanga mtaa wa Kandara na wenzake. Unyevu wa Jeddah ni adui wa kazi yetu. Nguo iliyopigwa pasi asubuhi hulegea kabla ya chai. Na kamera ni adui wa pili. Jukwaani mshono mkubwa hauonekani, bali kamera huona hata uzi uliobakia ukosini. Nilishona upya vitu ambavyo Riyadh ningevifunga kwa pini.

Muuguzi wa tamthilia alivaa buti za ngozi za kahawia, zenye zipu upande wa ndani wa mguu. Asubuhi moja zipu ya kushoto ilikataa. Nikaipaka nta ya mshumaa, nikavuta, ikasimama katikati ya shavu la mguu.

"Joto la Jeddah," Madam Zisia alisema. "Miguu imevimba."

Nikafunga ya kulia. Ilipanda bila shida. Nikaiacha ya kushoto wazi na kuifunika kwa upindo wa sketi, lakini siku nzima jambo lile lilinikwaruza. Joto huvimbisha miguu miwili.

Kesho yake zipu haikufika hata katikati, na ngozi ya mguu ilikuwa imevutika, inang'aa, yenye moto. Nyumba tuliyorekodia ilikuwa na ngazi za mawe zilizopinda. Madam Zisia alipanda, akasimama katikati, akawa anasifu madirisha ya mbao yaliyochongwa. Alipanda tena kidogo, akasifu tena. Mwongozaji alifurahi kwamba mgeni anapenda majengo. Mimi niliyekuwa nyuma yake nimeshika mkoba wa nguo nilimsikia akitafuta pumzi.

Chumbani nikamwambia, "Madam, mguu huu uonwe na daktari."

"Tukimaliza."

"Hata leo tu, aangalie mara moja."

Akanishika mkono, akalitamka jina langu kwa namna ya kwao. "Tabita, daktari akiniona ataniambia nisiruke kwa ndege kwenda Riyadh. Nisiporuka, nimemaliza bila kumaliza. Unanielewa? Neno hili lisitoke chumbani humu."

Niliitikia kwa kichwa. Tangu nianze kazi sikuwahi kutoa nje habari ya mwili wa mtu. Nimejua mimba kabla ya waume, nimejua makovu, nimejua waliokonda kwa huzuni, na yote yalibaki ndani ya aproni. Jioni ile nilipokuwa garini na Wycliffe nilishindwa kunyamaza, ingawa sikumtaja.

"Mtu akikwambia usiseme, na wewe unaogopa," nilianza.

"Mama Tabitha, ni yule Mzungu?" Wycliffe aliuliza bila kugeuka. "Mimi namwona kwenye kioo. Anapumua kama aliyekuja mbio."

"Sijasema ni nani."

"Sawa. Lakini wewe ni mtu wa nguo. Ukisimamisha kazi ya watu wote hawa halafu ikawa ni joto tu, utarudishwa nyumbani hata kibali chako cha ikama hakijaisha. Nyamaza."

"Na akianguka?"

Alivuka taa kwanza. "Akianguka," akasema, "wataanza na wewe. Watauliza ulijua nini."

Sikupata usingizi wa maana. Nilijiambia mimi si daktari. Nilijiambia pia kwamba mwili ule, kwa wakati ule, hakuna aliyekuwa ameushika kuliko mimi.

Asubuhi ilikuwa zamu ya sehemu kubwa ya tamthilia. Muuguzi, akiwa sasa mzee, anamwimbia mtoto mgonjwa wa nyumba ile wimbo wa kulala wa kwao. Vazi lilikuwa na koseti. Nikamwambia avute pumzi. Alivuta. Viganjani mwangu mbavu zilifunguka kidogo, zikakwama, zikaanza kwenda harakaharaka kama za ndege aliyeshikwa. Nikamgeuza. Chini ya rangi, midomo ilikuwa na weusi wa majivu.

"Funga," alisema.

"Siwezi, Madam."

"Tabita. Nani mwimbaji hapa?"

"Ni wewe."

"Basi funga."

Niliziachia kamba. Nilitoka hadi uani nikiwa na kastabani kidoleni, watu wote wakiwa wamesimama tayari, taa zimewashwa, mtoto amelazwa kitandani. Nikaenda hadi kwa Madam Hanadi, msimamizi wetu wa kazi, Msaudi mwenye sauti ya chini ambaye hakuna aliyewahi kumkatiza. Nikamkatiza. Nikasema Madam Zisia hapumui vizuri, mguu mmoja umevimba, ameniomba nisiseme, na mimi nasema. Sauti yangu ilitoka kubwa kuliko nilivyotaka, na kila mtu aliisikia.

Madam Hanadi aliweka chini karatasi alizoshika. Kisha akaingia ndani, akatoka. "Yalla, haraka, gari," akasema.

Wycliffe aliendesha kama anabeba mayai huku akikimbia. Hospitalini walimchukua kwenye kitanda cha magurudumu, nami nikabaki na buti mkononi. Baadaye daktari alitueleza kwamba damu ilikuwa imeganda mguuni, na kipande kimeondoka na kuingia kwenye mapafu. Walianza dawa mara moja. Alisema atapona ikiwa atatulia, ila kuruka kusahauliwe kwa sasa, na kuimba kwa nguvu zote kusahauliwe kwa muda mrefu zaidi.

Niliporuhusiwa kumwona alikuwa amegeukia ukutani.

"Umeniibia jukwaa langu," alisema. Alilisema kwa Kiingereza, lugha yetu ya siku zote, polepole, ili nisikose neno hata moja.

Kazi haikunipa nafasi ya kulia. Maonyesho ya Riyadh yalikuwa palepale, akapatikana mwimbaji mwingine, dada mwembamba kutoka Lebanoni, na mimi ndiye niliyelijua gauni. Nilirudishwa Riyadh. Katika miaka yangu yote sijafanya kazi ngumu kama kulipunguza gauni lile la mahameli. Msimamizi wa mavazi alisema likatwe, ni haraka zaidi. Nikamwomba aniachie. Nililipunguza kwa ndani, mshono mrefu wa mkono, kitambaa kilichozidi nikakikunja na kukilaza, mahameli yote ikabaki. Dada yule aliimba vizuri. Watu walisimama kumpigia makofi, nami nilikuwa gizani nyuma ya pazia nimeng'ang'ania aproni, nikiwaza kama Jeddah kuna mtu anayemletea ndizi.

Nilirejea Jeddah kwa ajili ya kumalizia tamthilia. Ewa, binti yake, alikuwa amebadilisha safari akaja moja kwa moja huko, na alinifungulia mlango kwa kunikumbatia, jambo lililonishtua. Madam Zisia alikuwa ameketi dirishani Al-Baghdadiyah, amepungua, mguu juu ya mto. Hakunisalimia. Aliuliza, "Aliimbaje?"

"Vizuri, Madam."

"Kuliko mimi?"

"Sijui. Nilikuwa natazama upindo."

Kitu fulani kilipita usoni mwake. "Gauni langu walilikata?"

"Hapana."

"Uliwazuia wewe?"

"Nililipunguza kwa ndani. Nikifumua uzi mmoja linarudi kama lilivyokuwa."

"Na mimi sitalivaa tena. Unajua?"

"Najua, Madam. Lakini ni lako."

Alitazama nje. Nilisimama pale na mkoba wangu nikiwa sijui kama nimefukuzwa. Hatimaye akasema, "Keti, Tabita. Unanitia wasiwasi ukisimama."

Daktari alimruhusu arekodi ile sehemu ya wimbo, kwa masharti. Aketi, asiimbe kwa nguvu, na asibanwe na chochote. Mwongozaji alitaka vazi lilelile, kwa sababu lilikwisha onekana katika sehemu nyingine. Basi nikalifungua mgongo wote, nikaondoa koseti, nikamvika kwa mbele tu. Kwenye kamera lilionekana gauni zima. Nyuma lilikuwa wazi toka shingo hadi kiuno, nami nimepiga magoti kwenye mawe nyuma ya kiti, nimeshika kingo mbili za kitambaa zisiteleze. Ewa alikuwa kando ya taa, mikono mdomoni.

Alianza kuimba. Sikuwahi kuisikia sauti ile. Haikuwa ya mama wa mfalme, haikufika hata mwisho wa chumba. Ilikuwa sauti ya mwanamke anayemwimbia mtoto mmoja. Mgongo wake ulikuwa mbele ya uso wangu, nikaona kila pumzi ikiingia. Nilizifuata moja moja nikiogopa ile inayofuata. Katikati ya ubeti alitulia mahali ambapo mazoezini hakutulia. Vidole vyangu vilikaza hata kucha zikaumia. Kisha pumzi ikaja, akaendelea, akamaliza.

Mwongozaji akaomba warudie, kwa usalama tu.

"Halas, yatosha," Madam Zisia alisema. Akanyoosha mkono nyuma ya kiti, akapapasa mpaka akaupata wangu. "Bado una mikono baridi."

Madaktari walipomruhusu kuruka, aliondoka na Ewa. Hakuna mkutano wa kuaga wala mashada. Mimi niliendelea Riyadh mpaka ikama yangu ya mwisho, mkanikuta, mengine mnayajua. Wengine mmeniuliza kama alinisamehe. Hakuwahi kulisema neno hilo, na mimi sikuliomba. Akikujieni mwimbaji anayesema neno lisitoke chumbani, sitawaambia mfanye nini. Nawaambia tu kwamba usiku ule wa kuamua ni mrefu, na hamtakuwa na wa kuwaamulia.

Sasa anafundisha kwao, katika mji uleule wa machimbo. Hunitumia ujumbe wa sauti kwa simu, akilalamika kuhusu wanafunzi wasiojua kusimama na theluji isiyokwisha. Ujumbe unapoingia, nasikiliza kwanza pumzi zake, katikati ya maneno, kama ni ndefu, kama zinafika chini. Nikisharidhika, narudi mwanzo nisikie anachosema.